Risala ya Wakazi wa Mdomo wa Mto Nzoia kwa Mgeni Rasmi, Port Victoria



Sisi tunaoishi Bunyala, kuanzia daraja la Rwambwa hadi mto unapoingia ziwani, tunakuomba uutazame mto kabla ya kutazama magunia ya msaada. Nzoia unatoka Cherangani na Mlima Elgon, unateremka zaidi ya kilomita 250, na tope la mashamba ya Trans Nzoia, Bungoma na Kakamega unakuja kulitua kwetu. Tope hilo ndilo lililojenga ardhi hii. Mto ukishajaza mkondo wake huhama. Mikono yake ya zamani imefunikwa na mafunjo, lakini wazee wa Maduwa na Bukhuma wanajua ilipo, na mafuriko hupita humo humo.

Matuta yaliyojengwa miaka ya 1970 na 1980 yaliubana mto katika mkondo mmoja. Hatuyakatai, maana yametulindia mashamba. Tatizo ni kwamba tope lililokuwa likisambaa bondeni sasa linatuama katikati ya matuta, na sakafu ya mto inapanda. Tuta lilipasuka 2003, 2007, 2008 na 2011. Mwaka 2020 ziwa lilipita kiwango chake cha juu cha mwaka 1964, mto ukakosa pa kumwagia. Kila mara tunaletewa mahema na unga, penye ufa panazibwa, wageni wanapiga picha na kuondoka.

Tunadai mdomo wa mto uzolewe mchanga wakati wa kiangazi, si baada ya watu waliokimbia mafuriko kulala shuleni. Mikono ya zamani ipimwe na kuwekewa milango ya kupunguzia maji, na wenye mashamba humo walipwe fidia kwanza. Kipimo cha maji cha Rwambwa kitangazwe redioni kila siku ya mvua, kwa Kinyala na Kiswahili, kwa sababu anayeishi kisiwani anahitaji muda wa kutoa mifugo kwa mtumbwi. Na kaunti za juu zinazolima hadi ukingoni zichangie gharama. Tope ni lao pia.

Tunaomba jibu la maandishi, lisomwe barazani hapa Port Victoria kabla ya mvua za Machi.

Ni sisi, wakazi wa Bunyala.