Nguvu za vijana wa JKT zianzie shule ya msingi

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nitoe maoni yangu juu ya jambo ambalo huzungumzwa kila mwaka kwa wiki mbili tatu, kisha husahauliwa. Kila baada ya mitihani ya kidato cha sita, Jeshi la Kujenga Taifa hutangaza majina ya vijana wanaotakiwa kwenda kambini kwa mujibu wa sheria. Orodha ya vifaa hutolewa: bukta ya bluu, fulana ya kijani, raba za michezo, shuka mbili, soksi nyeusi. Wazazi huanza kutafuta nauli ya kwenda Bulombora, Rwamkoma, Mafinga au Makutupora. Hapo ndipo maneno huanza kwenye mabasi na mabarazani. Wengine husema vijana wa siku hizi ni legelege, na dawa yao ni jeshi. Wengine hutaka muda uongezwe, na kwamba wasiitwe wa kidato cha sita peke yao bali vijana wote wa nchi hii.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi kijijini. Sipingi JKT hata kidogo. Ninachopinga ni fikra kwamba kambi inaweza kumpa kijana kwa miezi mitatu afya na elimu ambayo hakuipata kwa miaka kumi na minane. Afande anaweza kumfundisha kuruta kwata, kuamka alfajiri na kulenga shabaha. Hawezi kumrudishia urefu alioukosa akiwa na umri wa miaka miwili, wala masomo yaliyompita darasa la tatu kwa sababu alikuwa na njaa.

Yafaa kwanza tukumbuke tulikotoka. JKT ilianzishwa tarehe 10 Julai, 1963. Mwanzoni ilikuwa ya kujitolea. Mwaka 1966 Serikali iliamua kwamba wahitimu wa vyuo na sekondari walitumikie Taifa kwa miaka miwili: miezi mitano kambini, na muda uliobaki kazini kwa kupokea asilimia 40 tu ya mshahara. Wanafunzi wa Chuo Kikuu, Dar es Salaam, walikataa, na Oktoba mwaka huo waliandamana. Mwalimu Nyerere aliwarudisha makwao karibu 400. Lakini hakuishia hapo, kwani alipunguza pia mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20. Mpango uliendelea kwa miaka mingi, ukasimamishwa mwaka 1994 kwa sababu ya hali ngumu ya uchumi, ukarudishwa mwaka 2013.

Katika historia hiyo nayaona mambo mawili. La kwanza ni kwamba mwaka 1966 ugonjwa uliotibiwa ulikuwa wa moyo, si wa mwili. Msomi alikuwa anajiona mkubwa kuliko mkulima aliyemlipia masomo, na jembe la kambini lilikusudiwa kumrudisha kwa watu wake. Kazi hiyo JKT inaiweza mpaka leo. Mtoto wa Kariakoo akilala bweni moja na mtoto wa Ngara na mwingine wa Newala, wakala chungu kimoja na kupokea amri moja, taifa linapata faida. La pili ni kwamba kambi ni ghali. Kilichosimamisha mpango mwaka 1994 ni fedha, wala si ubaya wa vijana. Kwa hiyo anayedai tuwaite vijana wote atuambie pia fedha zitatoka wapi, na kama zikipatikana, ni kwa nini zisianzie mahali ambapo shilingi moja hufanya kazi zaidi.

Mahali hapo ni shule ya msingi. Wala hili silisemi kwa kuwa ni mwalimu. Mataifa makubwa yamekwisha kulipia funzo hili.

Waingereza walipokwenda kupigana na Makaburu huko Afrika Kusini, kati ya mwaka 1899 na 1902, walihitaji askari wengi kwa haraka. Katika mji wa Manchester, mji wa viwanda, walijitokeza vijana wapatao 11,000. Takriban 8,000 walikataliwa papo hapo kwa sababu ya afya. Walikuwa wafupi, wembamba wa kifua, wabovu wa meno na wenye miguu iliyopinda. Dola iliyotawala robo ya dunia ilishtuka kuona kwamba watoto wa wafanyakazi wake hawawezi hata kubeba bunduki. Iliundwa kamati, ikatoa taarifa yake mwaka 1904. Mwaka 1906 ikapitishwa sheria ya kuziruhusu halmashauri kuwalisha watoto shuleni, na mwaka 1907 ikaja sheria ya watoto wa shule kupimwa afya na madaktari. Hawakuongeza kwata. Waliongeza chakula na daktari.

Marekani nayo ilipita njia hiyo hiyo. Katika Vita Kuu ya Pili vijana wengi walikataliwa na jeshi lao kwa udhaifu uliotokana na lishe mbaya. Vita vilipokwisha, mwaka 1946, ikapitishwa sheria ya chakula cha mchana shuleni, na sheria yenyewe ilitamka kwamba hiyo ni hatua ya usalama wa taifa. Tena Wamarekani wanatuonyesha na upande wa pili wa jambo hili. Uchunguzi wa wizara yao ya ulinzi wa mwaka 2020 ulionyesha kwamba asilimia 77 ya vijana wao wa umri wa miaka 17 hadi 24 hawafai kuingia jeshini bila kupewa msamaha maalumu. Safari hii tatizo kubwa si njaa, ni unene. Mwaka 2022 jeshi lao lilianzisha mafunzo ya matayarisho huko Fort Jackson, kwa ajili ya wanaotaka kujiunga lakini wamezidi unene, au wameshindwa mtihani wa kusoma na kuhesabu. Nawaomba wasomaji wauangalie vizuri mpango huo. Taifa tajiri kuliko yote limelazimika kumfundisha mtu mzima hesabu za shule na kumpunguza mafuta, kwa sababu kazi hiyo haikufanyika wakati wake. Wahenga walisema, udongo uwahi ungali maji.

Sasa tutazame kwetu. Upimaji wa afya uliofanyika nchini mwaka 2015 na 2016 ulionyesha kwamba asilimia 34 ya watoto wa chini ya miaka mitano walikuwa wamedumaa. Uliofanyika mwaka 2022 ulionyesha asilimia 30. Tumepiga hatua, na wanaostahili pongezi wapewe. Lakini fanyeni hesabu ndogo pamoja nami. Watoto waliopimwa mara ile ya kwanza watatimiza miaka 18 kuanzia mwaka 2029 hivi hadi 2034. Hao ndio makuruta wetu watarajiwa. Mmoja katika kila watatu alikwisha kudumaa kabla hajavaa sare ya shule. Kudumaa si ufupi wa mwili tu. Mtoto aliyekosa lishe tangu tumboni hadi miaka miwili hupungukiwa pia na uwezo wa kujifunza, na hakuna mchakamchaka utakaomrudishia siku zile.

Jambo la kushangaza zaidi ni kwamba upimaji wa mwaka 2022 ulikuta hali mbaya kuliko kwingine kote katika mikoa ya Iringa, Njombe na Rukwa, ambayo ni ghala la chakula la nchi hii. Iringa walikuwa zaidi ya nusu ya watoto. Kwa hiyo tusidanganyane kwamba hili ni suala la ukame peke yake. Ni suala la mtoto kushindiwa ugali na mboga za kuungia chumvi, huku maharage, karanga, mayai na maziwa yakipelekwa sokoni. Ni suala la mama kuwa shambani tangu alfajiri hadi jioni, na mtoto mchanga kuachwa na dada yake wa miaka saba na uji mwepesi.

Watoto hao wakifika shuleni sisi walimu huwapokea. Huku vijijini wapo wanaotembea saa nzima na zaidi kuja shule, na wengi hutoka nyumbani bila kutia kitu tumboni. Vipindi viwili vya kwanza wanaitikia. Ikifika saa tano wanaegemea madawati. Ikifika saa saba unafundisha ukuta. Shule inayopika makande mchana, mwalimu yeyote atakwambia, utoro hupungua na watoto hucheza. Shule isiyopika, hata mpira ukiletwa, wataukimbiza dakika chache kisha watakaa kivulini.

Tatizo la chakula cha shule sote tunalijua. Tangu elimu bila ada ilipoanza mwaka 2016, wapo wazazi wanaoamini kwamba na chakula nacho ni juu ya Serikali. Ukiitisha mkutano wa kijiji kuomba debe la mahindi na kilo chache za maharage wakati wa mavuno, unaulizwa, "Si mmesema elimu ni bure?" Lakini nao wazazi wana hoja ambayo haifai kupuuzwa. Ziko sehemu ambako walichanga, na hawakusomewa hesabu ya mahindi yao mpaka leo. Mtu aliyechangishwa bila kuambiwa kilichobaki ghalani hawezi kulaumiwa akifunga mkono mara ya pili.

Na michezo je? Zamani siku ya shule ilianza kwa mchakamchaka. Watoto walikimbia wakiimba, wakarudi wamechangamka, kisha ukaguzi wa usafi, ndipo darasani. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 hata mashindano ya michezo ya shule yaliwahi kusimamishwa kwa madai kwamba yanawapotezea wanafunzi muda, kisha yakarudishwa. Siku hizi UMITASHUMTA ipo, lakini ni ya wachache waliochaguliwa. Katika shule nyingi kipindi cha michezo kimebaki kwenye ratiba ya ukutani tu. Darasa la mitihani humezwa na masomo ya ziada tangu kabla ya jua kuchomoza, kwa kuwa mwalimu mkuu ataulizwa juu ya ufaulu, hataulizwa kama watoto wake wanaweza kukimbia. Halafu mtoto huyo huyo akifika kambini akaanguka katika mbio za kwanza, tunasema vijana wa leo ni dhaifu. Nani aliyewadhoofisha?

Liko na suala la haki. Wanaoitwa JKT kwa mujibu wa sheria ni wa kidato cha sita, yaani wachache waliofika juu. Walioishia darasa la saba na kidato cha nne, ambao ndio wengi, hawaguswi na mpango huo. Hao ndio watakaolima, watakaojenga, watakaobeba mizigo na kuzaa watoto wa kesho. Kama nguvu za vijana ni mali ya Taifa, basi mahali pekee ambapo Taifa hukutana na karibu watoto wake wote, wa kike na wa kiume, wa tajiri na wa maskini, ni shule ya msingi. Ukimkosa hapo, huenda usimpate tena.

Kwa hiyo natoa mapendekezo haya. Kwanza, chakula cha shule kiamuliwe na mkutano mkuu wa kijiji na kuwekewa sheria ndogo. Kila kaya itoe mazao wakati wa mavuno, si fedha wakati wa njaa. Kaya zisizojiweza zisamehewe bila mtoto wao kunyimwa sahani. Hesabu ya magunia ibandikwe hadharani kila mwezi, ili kila mzazi aone kilichoingia na kilichopikwa.

Pili, shamba la shule lirudie kazi yake. Siasa ya Elimu ya Kujitegemea ya mwaka 1967 haikusema watoto walime ili mavuno yapotelee ofisini. Kinachotoka katika shamba la shule kiingie katika sufuria ya shule, na kiwe maharage, karanga na mboga, siyo mahindi matupu.

Tatu, mchakamchaka na vipindi vya michezo vifuatwe, na wakaguzi wakija wavikague kama wanavyokagua hesabu na Kiswahili.

Nne, kila mtoto apimwe urefu na uzito shuleni angalau mara moja kwa mwaka, kwa kushirikiana na zahanati iliyo karibu. Kazi hiyo haihitaji daktari bingwa. Inahitaji mizani, futi, daftari na mtu wa kufuatilia.

Tano, JKT inapopokea vijana na kuwapima, itoe kwa Taifa taarifa ya jumla ya afya zao, bila kutaja majina, mkoa kwa mkoa. Waingereza walijua hali ya watoto wao kwa sababu jeshi lilisema lilichokiona. Na kwa kuwa JKT ina mashamba na wataalamu wa kilimo, basi kambi zilizo jirani na shule zisaidie shule hizo mbegu na maarifa. Malezi ya vijana ni kazi ya JKT tangu zamani, na malezi hayaanzii kidato cha sita.

Namalizia kwa jambo moja, nisije nikaeleweka vibaya. Sisemi tuwalishe watoto ili tupate askari. Mtoto anastahili kushiba kwa sababu ni mtoto. Jambo la kusikitisha katika historia ya Waingereza ni kwamba walimu na wakunga wao walikuwa wakiwaona watoto wale wa Manchester kila siku, na hakuna aliyewasikiliza mpaka vita vilipohitaji miili yao. Sisi hatuna vita. Tuna nafasi ya kufanya jambo hili kwa amani, tukijua tunalolifanya. Mtoto aliyekula makande leo mchana, akacheza, akasoma, atakuwa mkulima mzuri, mama mwenye afya au fundi hodari. Na siku nchi ikimwita, atakwenda akiwa na nguvu zake mwenyewe, na afande atakuwa na kazi ndogo tu ya kumfundisha kwata.

Mwalimu wa Kijijini,
Wilaya ya Mpwapwa,
DODOMA.