Mwenye bahari ndiye mwenye Mombasa

Machi 1696, majeshi ya Oman yaliizingira ngome ya Fort Jesus, Mombasa. Kuta ambazo Wareno walianza kuzijenga mwaka wa 1593 hazikuwafaa. Walinzi waliangamizwa na maradhi, nazo meli za msaada kutoka Goa zilifika kwa nadra. Mojawapo, Santo António de Tanná, ilizama papo hapo mwaka wa 1697. Desemba 1698, ngome ikatekwa.

Funzo hilo lingalipo. Wahouthi wa Yemen walipoanza kushambulia meli katika Bahari ya Shamu Novemba 2023, nyingi zilizungukia Rasi ya Tumaini Jema na gharama zikapanda. Kwa Kenya, kuimarisha gati pekee hakutoshi. Sharti usalama wa njia za baharini nao upewe uzito.