Tuulize Kwanza Mali Imechumwaje



Ndugu wasomaji, lipo swali ambalo wazazi wengi hulikwepa watoto wao wanapoliuliza. Mtu akichuma mali kwa njia tuliyokatazwa, kisha akaitoa kwa ukarimu hata maskini wakapata makazi na wagonjwa wakapata dawa, je, ukarimu huo hauisafishi mali yake? Swali hili si la kipuuzi, wala halijibiwi kwa kumkemea aliyeuliza. Juma hili tumeona tulitazame kupitia maisha ya Kirk Kerkorian wa Marekani, aliyekuwa miongoni mwa wamiliki wakubwa wa majumba ya kamari na hoteli, na wakati huohuo mmoja wa watoaji wakubwa wasiopenda kutajwa.

Kerkorian alizaliwa mwaka 1917 katika mji wa Fresno, California, na wazazi wahamiaji wa Kiarmenia. Baba yake alipoteza mashamba kwa madeni, familia ikahamia Los Angeles na kuishi maisha ya dhiki. Mtoto huyu aliacha shule baada ya darasa la nane, akapigana ndondi, kisha akajifunza urubani. Wakati wa Vita Kuu ya Pili alivusha ndege za kivita kutoka Canada hadi Uingereza juu ya bahari ya Atlantiki, kazi iliyowaangamiza marubani wengi. Mwaka 1947 alinunua shirika dogo la ndege za kukodi kwa dola 60,000. Alipoliuza mwaka 1968, thamani yake ilikuwa imepita dola milioni 100.

Kufikia hapo, msomaji angeweza kusema kwamba huyu ni mchapakazi wa kupigiwa mfano, nasi tungekubali. Lakini fedha zake zilielekea Las Vegas, mji wa jangwani katika jimbo la Nevada, lililohalalisha kamari mwaka 1931. Humo Kerkorian alijenga mara tatu hoteli iliyohesabiwa kuwa kubwa kuliko zote duniani kwa wakati wake: International mwaka 1969, MGM Grand ya kwanza mwaka 1973, na MGM Grand nyingine mwaka 1993 yenye vyumba zaidi ya 5,000. Kila moja ilikuwa na ukumbi mkubwa wa kamari.

Na tuone jinsi fedha inavyopatikana katika ukumbi huo. Gurudumu la ruleti la Kimarekani lina vijumba 38: namba 1 hadi 36, sifuri moja, na sifuri mbili kwa pamoja. Anayeweka dola moja juu ya namba moja, akishinda hulipwa dola 35. Lau malipo yangelingana na hatari aliyoingia, angelipwa 37. Kwa sababu ya pengo hilo, katika kila dola 100 zinazowekwa mezani mwenye jumba hubakiwa, kwa wastani, na dola 5 na senti 26. Hana haja ya kudanganya. Anachohitaji ni watu wengi waendelee kucheza kwa muda mrefu, na hesabu itamfanyia kazi usiku na mchana. Faida yake ni jumla ya hasara za wageni wake; hakuna kilicholimwa wala kilichoshonwa.

Tarehe 21 Novemba 1980 moto ulizuka katika MGM Grand ya kwanza, ukaua watu 85. Ukumbi wa kamari haukuwa na mfumo wa kunyunyiza maji ya kuzimia moto. Ulianzia chini, lakini wengi waliokufa walivuta moshi wakiwa ghorofa za juu. Baada ya msiba huo Nevada iliimarisha sheria za usalama wa majengo, nayo hoteli ikafunguliwa tena mwaka uliofuata.

Sasa tuje kwenye utoaji wake. Disemba 1988 tetemeko la ardhi liliipiga Armenia, nchi ya asili ya wazazi wake, na kuua watu wasiopungua 25,000. Mwaka uliofuata Kerkorian aliunda mfuko wa hisani, akauita Lincy kwa kuunganisha majina ya binti zake wawili, Linda na Tracy. Mfuko huo uligharimia misaada ya dharura, kisha barabara, na nyumba za waliobaki bila makazi. Ulipofungwa mwaka 2011, ukikabidhi dola milioni 200 kwa Chuo Kikuu cha California mjini Los Angeles, ulikuwa umetoa zaidi ya dola bilioni moja. Inajulikana kwamba hakupenda jengo lolote lipewe jina lake, na mahojiano aliyakwepa. Alifariki Juni 2015, akiwa na umri wa miaka 98.

Hatuna haki ya kuudharau wema huo. Mjane aliyepata paa baada ya tetemeko alipata paa la kweli, wala hana lawama kwa kulipokea. Tena katika kuficha jina lake mna somo kwa baadhi yetu, ambao hatuwezi kutoa mfuko wa mchele mwezi wa Ramadhani bila kupigwa picha pamoja na yatima.

Hata hivyo swali letu bado lipo, na jibu lake ni la kale kuliko Las Vegas. Waarabu wa zama za Ujahiliya walikuwa na kamari yao, maysir. Walichinja ngamia, wakaigawa nyama kwa kupiga bao la mishale, na walioshindwa wakalipa bei ya mnyama. Washindi wengi hawakuila nyama ile. Waliwapa mafukara na kujifaharisha kwa ukarimu huo. Basi Qur'ani ilipoiharamisha kamari, iliiharamisha kwa watu waliokuwa wakilisha maskini kwayo. Aya ya 219 ya Suratul Baqara haikukanusha kwamba mna manufaa ndani yake. Ilibainisha kwamba dhambi yake huyashinda manufaa hayo. Aya za 90 na 91 za Suratul Maida zikataja sababu: uadui, chuki, na kuwazuia watu na kumkumbuka Mola wao na sala.

Kutokana na hayo wanazuoni wengi wameeleza kwamba mwenye mali ya haramu akitubu, huwarudishia wenyewe. Asipoweza kuwapata, huitoa kwa wahitaji ili ajivue nayo, si kwa kutaraji thawabu ya sadaka. Hivyo ukubwa wa kinachotolewa hauwezi kutangulia swali la kilivyochumwa. Hesabu ya Kerkorian na Muumba wake haituhusu. Hesabu za nyumbani kwetu zinatuhusu sana.

Maana leo kijana hahitaji kusafiri hadi jangwani. Meza ya kamari imo katika simu yake, na kampuni za kubeti hudhamini timu anazozishangilia na kujitangaza kwa misaada. Akisema, "Lakini baba, hawa wanasaidia jamii," tusimjibu kwa ukali. Tukae naye na karatasi, tupige naye hesabu ya lile gurudumu, kisha tumwulize ni kina nani waliopoteza ili msaada ule upatikane. Huenda miongoni mwao yumo jirani aliyebeti ada ya mwanawe.

Nasi wazazi tusisubiri kijana aulize ndipo tujikague. Shilingi elfu moja ya halali iliyotolewa kimya, mtoto akaona na jirani asijue, hufundisha zaidi ya hotuba nyingi.

Mwenyezi Mungu aturuzuku chumo lililo safi na mkono mwepesi wa kutoa. Amin.