Nani Aliyewaacha Uchi?

Wiki iliyopita, gulioni hapa Busunzu, binti mmoja alishuka katika basi la Kasulu amevaa suruali ya kubana. Vijana wakamzomea. Mzee mmoja akasema, "Zamani tungemchania!"

Alikuwa akikumbuka Operesheni Vijana. Oktoba 1968 Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza kupiga marufuku minisketi, wigi na suruali za kubana, kuanzia tarehe 1 Januari 1969. Siku hiyo haikungojwa. Kule Kariakoo, Dar es Salaam, makundi ya vijana yaliwashusha wanawake katika mabasi, yakawapiga na kuwachania nguo. Haya, nani basi aliyewaacha uchi barabarani: fundi cherehani, au hao walinzi wa heshima?

Suruali ile hata mimi siipendi. Lakini binti alijitwika mzigo wake, akapita katikati yetu, na karani wenu alikuwa amenyamaza kimya.