Bunduki Haistahili Sifa

Mimi ni mwalimu. Kazi hii nilifunzwa katika chuo cha ualimu, na mji wa Eldoret ndiko ninakoifanyia. Nimesoma insha nyingi sana za wanafunzi, lakini iko moja iliyoninyima usingizi. Niliwapa vijana wangu kichwa cha habari, "Shujaa Wangu". Wengi wao waliandika juu ya mama zao, na wengine juu ya wakimbiaji wetu mashuhuri. Mvulana mmoja, mzaliwa wa Bonde la Kerio, aliandika juu ya bunduki ya Kirusi iitwayo AK-47. Aliujua mwaka wake, uzito wake, na hesabu ya risasi zake. Kiswahili chake kilikuwa safi na mpango wa maneno yake ulikuwa barabara. Akamaliza kwa kusema kwamba mwanamume asiye na chombo hicho ni kondoo aliyefungwa kamba, anayemngoja fisi.

Nilimpa alama nyingi kwa lugha yake, kisha nikaishika kalamu nisijue la kuandika chini ya insha ile. Makala haya ndiyo jibu langu kwake. Na ikiwa moyo wako nawe umepata kuvutwa na chombo hicho, basi ni jibu langu kwako pia.

Kwanza nitasema kweli, maana anayebishana bila ya kukiri ukweli wa mwenzake hubishana na kivuli. Ni kweli kwamba Warusi walikuwa hodari katika kazi hii. Mwaka 1891 jeshi lao lilipokea bunduki iliyobuniwa na Sergei Mosin, iliyotiwa risasi tano, ambayo askari aliivuta komeo kwa mkono kila alipotaka kupiga tena. Bunduki hiyo ilipigana vita vikuu viwili vya dunia. Mwaka 1916 Vladimir Fyodorov alitoa bunduki ndogo iliyoweza kumimina risasi mfululizo, jambo lililokuwa geni kwa silaha ya kubebwa na mtu mmoja. Katika vita vya pili viwanda vyao vilitoa mamilioni ya bunduki za Georgy Shpagin, zilizoundwa kwa mabati yaliyopigwa chapa ili zipatikane upesi na kwa gharama ndogo.

Ndipo akaja Mikhail Kalashnikov, askari wa vifaru aliyejeruhiwa mwaka 1941, akaanza kuchora bunduki alipokuwa akiuguza jeraha lake. Bunduki yake ilikamilika mwaka 1947 na kupokewa na jeshi mwaka 1949. Sehemu ya gesi ya baruti inayoisukuma risasi hurudi nyuma kupitia tundu dogo, ikasukuma komeo, ikalitoa ganda tupu na kuingiza risasi nyingine. Sehemu zake zimeachwa na nafasi kidogo baina yao, kwa hiyo vumbi na matope haviikwamishi upesi. Kasha lake hubeba risasi 30. Mtu asiyejua kusoma aweza kufundishwa kuifungua na kuifunga kwa muda mfupi. Hizo ndizo sifa alizoziandika mwanafunzi wangu, na wala sizikani.

Lakini nakuuliza, msomaji: sifa hizo ni za nani? Bunduki ya Fyodorov ilitangulia ile ya Kalashnikov kwa miaka thelathini na zaidi, na bado ilitupwa, kwa sababu ilitumia risasi za Kijapani ambazo Urusi haikuwa na desturi ya kuzitengeneza. Mwaka 1997 jeshi la Urusi lilipokea bunduki nyingine iitwayo AN-94, kazi ya Gennady Nikonov. Hiyo ilitoa risasi mbili za kwanza kwa kasi hata zote mbili zikawa zimekwisha toka kabla ya mpigaji kuhisi msukumo begani. Ilikuwa ajabu ya ufundi. Lakini ilikuwa na mambo mengi ndani yake na gharama kubwa, ikashindwa kuchukua mahali pa zile za zamani. Basi waona kwamba bunduki haina ushujaa wake yenyewe. Husimama au huanguka kwa hesabu za mafundi, kwa viwanda, kwa majaribio katika mchanga na maji, na kwa fedha za dola. Yeyote anayetaka kusifu ufundi wa Kirusi na asifu karakana na vitabu vya hesabu. Kumsifu mtu kwa kuwa amekibeba chombo hicho ni sawa na kumsifu abiria kwa mbio za gari la moshi.

Tazama pia jinsi ilivyofika kwetu. Haikuletwa na shujaa yeyote. Urusi ya Kisovieti iliipa silaha Somalia. Kisha, vita vya Ogaden vilipowaka mwaka 1977, ikahamisha urafiki na silaha zake kwa Ethiopia, adui wa rafiki yake wa jana. Mwaka 1979 serikali ya Idi Amin ilipoanguka, askari wake walikimbia kambi ya Moroto wakaiacha ghala ya silaha wazi, na Wakaramojong wakabeba walichoweza kubeba. Mwaka 1991 serikali ya Siad Barre huko Mogadishu na ya Mengistu huko Addis Ababa zilianguka zote mbili, na silaha za majeshi yao zikatapakaa. Vita vya Sudan navyo viliendelea kumwaga zake. Hivyo silaha iliyo fahari ya kijana wa bondeni ni masalio ya ugomvi wa wakubwa, yaliyookotwa mlangoni pa serikali zilizoanguka. Wakubwa wale walikwisha kupatana wakaenda zao. Sisi tukabaki na takataka yao, tukaipa jina la uanaume.

Na imetufanyia nini? Ukitoka Eldoret ukapita Iten, ardhi hukatika ghafula, ukaliona Bonde la Kerio chini ya miguu yako. Huko, mahali paitwapo Murkutwa, mwezi wa Machi mwaka 2001, watu zaidi ya 50 waliuawa katika shambulio moja, na miongoni mwao walikuwamo wanawake na watoto. Mwezi wa Novemba mwaka 2012, katika bonde la Suguta karibu na Baragoi, askari polisi zaidi ya 40 waliokwenda kutafuta ng'ombe walioibwa waliviziwa wakauawa. Makabila ya waliovamia siyataji, maana hakuna kabila la nchi hizo ambalo halijalia kwa zamu yake. Wizi wa ng'ombe ni wa tangu zamani, na mkuki nao uliua. Sisemi kwamba babu zetu walikuwa malaika. Lakini mwenye mkuki alilazimika kumkaribia mtu na kumtazama usoni, na mkuki mmoja haukuweza kumaliza boma zima kabla jogoo hajawika mara ya pili. Bunduki ya rashasha imeondoa mpaka huo. Imemfanya mvulana wa miaka kumi na sita kuwa na nguvu kuliko baraza la wazee, bila ya kumfanya kuwa na akili kuliko wao.

Sasa na tuzisikilize hoja za upande wa pili. Ya kwanza ni ile isemayo kwamba bunduki haiui, bali mtu ndiye anayeua. Nakubali nusu yake. Moyo wa mtu ndio unaotaka kuua, na chombo ndicho kinachoamua ataua wangapi. Mtu mwenye hasira na fimbo mkononi huvunja mkono. Mtu yule yule, kwa hasira ile ile, akiwa na risasi 30, huacha mayatima wa familia nyingi. Hasira haiwezi kukusanywa na kuchomwa moto, lakini bunduki yawezekana. Mwaka 2016 Serikali yetu iliteketeza silaha 5,250 huko Ngong. Hakuna hata moja kati ya hizo itakayoua tena, moyo wa mtu uwe umetengenea au usitengenee.

Hoja ya pili ni ya ukombozi. Watu husema kwamba bunduki hii iliwatoa Waafrika utumwani, na kwamba imechorwa katika bendera ya Msumbiji. Ni kweli, tena ni jambo la heshima. Wapiganaji wa FRELIMO waliofunzwa Nachingwea waliibeba kwa kusudi moja na chini ya amri moja, na mwaka 1975 nchi yao ikawa huru. Lakini katika bendera hiyo hiyo pana jembe na kitabu pia. Mbona hatuviimbi hivyo? Isitoshe, uhuru ulipokwisha patikana bunduki haikujua kwamba kazi yake imekwisha. Tangu mwaka 1977 hata 1992 Wamsumbiji waliuana wao kwa wao kwa silaha za namna ile ile. Kuanzia mwaka 1995 Baraza la Makanisa la nchi hiyo, kwa uongozi wa Askofu Dinis Sengulane, likawa linapokea silaha kwa watu na kuwapa majembe, baiskeli na vyerehani badala yake. Taifa lililokombolewa kwa bunduki ndilo lililotambua kwamba haliwezi kujengwa kwayo.

Hoja ya tatu ndiyo nzito, na ndiyo iliyokuwa moyoni mwa mwanafunzi wangu. Serikali iko mbali, husema watu wa bondeni, na adui yu karibu. Nikiisalimisha bunduki yangu leo na jirani asiisalimishe yake, usiku nitazikwa. Sitacheka hofu hiyo, kwa kuwa mimi nalala mjini nyuma ya mlango wa chuma. Ni haki ya raia kulindwa, na serikali isiyowalinda watu wake haina uso wa kuwadai silaha kwanza. Lakini ifuate hoja hiyo hata mwisho wake. Nikinunua bunduki kwa hofu yako, wewe utanunua mbili kwa hofu yangu. Ng'ombe uliowanunulia bunduki ili uwalinde, utawauza uzinunulie risasi. Na risasi zikiisha utakwenda kuiba wengine.

Wala lawama si ya watu wa bondeni peke yao, nasi wa mjini tusijitakase. Hapa Eldoret kipo kiwanda cha serikali cha risasi, kilichoundwa kuwa shirika mwaka 1997. Mwaka 2008 taasisi ya utafiti ya Small Arms Survey, iliyoko Geneva, ilitoa taarifa juu ya Turkana Kaskazini. Watafiti walisoma alama zilizopigwa katika vitako vya risasi, wakaona kwamba karibu nusu ya risasi zilizokuwa zikizunguka huko kinyume cha sheria zilitoka katika akiba ya polisi, na kati yake zilikuwamo zilizotengenezwa katika mji wetu huu. Zilitolewa ili watu wajilinde. Zikaingia mtoni zikafuata maji. Kwa hiyo dawa ya mbali kwa serikali siyo kugawa risasi, bali ni kuisogeza serikali yenyewe: barabara, kituo cha polisi kilicho waminifu, hakimu, na shule isiyofungwa kila mara milio inaposikika. Hayo ndiyo ya kudai, na yadaiwe kwa sauti kubwa na watu wenye elimu, yaani wewe.

Na kama hunisadiki mimi, msikilize aliyeibuni. Katika uzee wake Kalashnikov alimwandikia barua mkuu wa Kanisa la Urusi, nayo ikachapishwa magazetini Januari 2014, baada ya kufa kwake mwezi uliotangulia. Aliuliza: ikiwa bunduki yake imetoa roho za watu, je, yeye aliyeiunda ana hatia ya vifo hivyo, hata vya maadui? Mzee wa miaka zaidi ya 90, mwenye nishani za kila namna, alikesha na swali hilo. Itakuwaje kijana wa miaka kumi na sita alale usingizi mzuri?

Mashujaa tunao. Tegla Loroupe, mzaliwa wa Pokot Magharibi, alishinda mbio za New York mwaka 1994 na 1995. Angeweza kukaa na sifa zake, lakini tangu mwaka 2003 amekuwa akiandaa mbio za amani, na vijana waliokuwa wakiwindana wamekimbia pamoja njia moja. Katika mbio hizo mtu humpita mwenziwe bila ya kumwangusha, na aliyeshindwa hurudi kwao akiwa hai. Huo ndio uanaume, na uliletwa na mwanamke.

Mwisho niliandika chini ya insha ile maneno haya: "Kondoo aliyefungwa haokolewi kwa kumpa meno ya fisi. Ifungue kamba." Kamba hiyo ni umaskini, umbali na hofu; nayo haifunguliwi kwa risasi. Nawe msomaji, siku utakapopewa kichwa cha habari kama kile, fikiri sana kabla ya kuandika jina, kwa sababu unayemwita shujaa leo ndiye utakayemfuata kesho.