Njaa ya Mnyonya Damu

Katika mchezo wa kompyuta uitwao Oblivion, uliotolewa na Bethesda ya Marekani mwaka 2006, mchezaji aweza kuambukizwa ugonjwa apiganapo na wanyonya damu. Asipojitibu kwa siku 3 za mchezoni, kisha akalala, huamka akiwa mmoja wao. Huyu si mumiani wa masimulizi yetu, ambaye yasemekana huichukua damu akaiuze. Huyu huinywa mwenyewe, tena kwa kuwanyemelea waliolala.

Wako wasemao kwamba hayo ni mafunzo ya ukatili. Sikubaliani nao. Hali hiyo ina ngazi 4. Aliyeshiba damu nguvu zake ni chache, lakini hutembea juani bila kudhurika, na watu huzungumza naye. Ajinyimaye huzidi nguvu siku hadi siku. Ila jua humchoma, na afikapo ngazi ya mwisho wenyeji hukataa hata kusema naye. Atanunua kwa nani? Atamwuliza nani njia?

Kwa hiyo yanisikitisha yaliyofanyika katika Skyrim, mchezo uliofuata mwaka 2011. Hapo awali mnyonya damu mwenye njaa kali alishambuliwa na wenyeji mara wamwonapo. Nyongeza ya Dawnguard ya mwaka 2012 ilikiondoa kitisho hicho. Mchezaji alipewa uwezo wa kugeuka jitu lenye mabawa, naye arudiapo umbo la binadamu hupita sokoni kana kwamba hakuna lililotokea. Waundaji wangaliweza kumpa mabawa yake, na wenyeji nao wakaachiwa haki yao ya kumwogopa.