Eti nimelipa dola kupiga kafi!

Nimekuwa kimya muda mrefu, kazi za huku mnazijua. Leo nimerudi kwa sababu ya zile picha nilizowatumia kutoka Yellowstone, nikiwa ndani ya kayaki ya njano. Tangu mzione simu yangu haijapumzika. Mjomba wangu wa Ukerewe ndiye aliyeongoza mashambulizi: "Yaani umezaliwa kisiwani, umekulia kwenye mtumbwi, halafu unamlipa mzungu dola akufundishe kupiga kafi?" Mama Mdogo naye anauliza kama yale maji ya moto hayaniunguzi. Binamu yeye kacheka tu, akaandika kwamba hela zimenizidi.

Haya, nawajibu wote kwa pamoja. Na nitangulie kusema msimamo wangu: hela ile haikupotea hata senti moja. Ningeulizwa kesho ningelipa tena.

Kwanza mlijue lenyewe ziwa. Yellowstone ni hifadhi ya taifa iliyoanzishwa mwaka 1872, sehemu kubwa iko jimbo la Wyoming. Kutoka hapa Utah ninapoishi ni mwendo wa saa tano au sita kwa gari. Ndani yake kuna ziwa la kilomita za mraba 350 hivi. Kwa sisi watu wa Ziwa Victoria lenye kilomita za mraba zaidi ya 68,000, hicho ni kidimbwi. Lakini kidimbwi hiki kiko mita 2,357 juu ya usawa wa bahari. Njombe mjini, ambako mnasema kuna baridi, hapafiki huko. Kuanzia Desemba mpaka mwishoni mwa Mei au mwanzoni mwa Juni ziwa lote linaganda, barafu tupu.

Na chini ya hiyo barafu kuna moto. Hifadhi imekaa juu ya volkano kubwa ambayo bado haijafa. Ile ghuba tuliyopigia kafi, West Thumb, yaani kidole gumba cha magharibi, ni shimo lililoachwa na mlipuko wa miaka kama 174,000 iliyopita, likajaa maji. Kwa hiyo ukiwa kwenye kayaki unaona kitu cha ajabu: ukingoni mvuke unafuka kama jikoni kwenye harusi, chemchemi zinatokota, vijito vya maji ya moto vinateremka kuingia ziwani, na wewe unaelea kwenye maji ya baridi ya kuumiza mifupa.

Mama Mdogo, rangi zile ulizoona kwenye picha, njano, machungwa na kahawia, si kutu wala taka. Ni vijidudu vidogo sana vinavyoishi kwenye maji ya moto, kila aina na joto lake. Msividharau. Mwaka 1966 mwanasayansi Thomas Brock na mwanafunzi wake waliokota kimoja katika chemchemi za hifadhi hiyo hiyo, na kutoka kwa kijidudu hicho kikapatikana kimeng'enya kilichowezesha kipimo cha PCR. Mliopimwa Korona kwa kipimo hicho mna undugu na maji ya Yellowstone!

Kuhusu kuungua: hapana, hatukuyagusa. Hapo ukingoni kuna chemchemi moja yenye umbo la kichuguu, inaitwa Fishing Cone. Mwaka 1870 mtu mmoja wa msafara wa Washburn alikuwa akivua, samaki akachomoka kwenye ndoano akaangukia humo, akaiva. Basi ikawa mchezo wa watalii: unavua ziwani, unageuka, unachemsha samaki akiwa bado kwenye ndoano. Watu wakaungua na mchezo ukapigwa marufuku. Wakenya wanaochemsha mayai Ziwa Bogoria wanaujua utamu wa mchezo huo. Lakini maji yale si ya kuchezea. Zaidi ya watu 20 wameshakufa kwa kuungua kwenye chemchemi za Yellowstone tangu ianze. Agosti 2022, hapo hapo West Thumb, kilionekana kiatu kikielea kwenye chemchemi iitwayo Abyss Pool, na ndani ya kiatu kulikuwa na sehemu ya mguu wa binadamu. Kina chake ni mita 16 hivi. Kwa hiyo kiongozi wetu alituweka mbali na ukingo, tukatazama kwa macho.

Wanyama je? Tuliwaona. Tai mwenye kichwa cheupe, huyu ni ndugu kabisa na tai wetu mla samaki kule nyumbani, hata kukaa kwake juu ya mti mkavu ni kule kule. Mwari weupe wakielea kwa kundi. Na ufukweni elk wawili, swala wakubwa kama ng'ombe, wakila majani bila habari na sisi. Sheria ni mita 23 kutoka kwa wanyama wa kawaida, na mita 91 kutoka kwa dubu na mbwa mwitu. Ukiwa majini sheria ni ile ile.

Kitu kilichonigusa zaidi ni habari ya samaki. Ziwa lina trauti wake wa asili, na mwaka 1994 ikagundulika kuwa kuna watu wameingiza trauti mgeni, mkubwa, mla wenzake. Wenyeji wakaanza kuisha. Shida si samaki peke yake: trauti wa asili hupanda vijito kutaga, na huko ndiko dubu na tai walikokuwa wakimkamata. Huyu mgeni hukaa kina kirefu, dubu hamfikii. Kwa hiyo dubu naye akakosa mlo. Sasa ukimvua huyo mgeni ni lazima umuue, na kuna maboti yanayofanya kazi ya kumvua tu, mwaka hadi mwaka. Nilimwambia kiongozi kwamba sisi tunaye wa kwetu, anaitwa sangara, aliwekwa Victoria miaka ya 1950, akawala furu karibu wamalizike. Tofauti ni kwamba sisi sangara alitujengea viwanda na nyumba, kwa hiyo hatuwezi hata kumlaani vizuri. Alicheka.

Sasa tuje kwenye hoja ya Mjomba, maana ndiyo iliyonifanya niandike.

Mjomba, ni kweli, kupiga kafi najua. Hata kiongozi aliona, akaniuliza nilijifunzia wapi. Nilicholipia si hicho. Nililipia mtu anayeyajua maji yale. Maji ya ziwa lile wastani wake ni nyuzi joto 5. Ukidumbukia, wanakadiria kwamba utaishi dakika 20 mpaka 30. Si kwamba hujui kuogelea. Mikono inakataa, vidole havishiki, unaona kayaki yako hatua mbili mbele na huwezi kuipanda. Sisi tumezoea kwamba anayekufa majini ni asiyejua kuogelea. Kule bingwa na asiyejua wanakwenda pamoja. Kila mtu anafikiri hatari ya Yellowstone ni moto na dubu, kumbe kwa mtu wa kayaki ni baridi na upepo.

Juni 2017, kwenye Shoshone Lake, ziwa la jirani ndani ya hifadhi hiyo hiyo, mteja mmoja alipinduka na kayaki. Kiongozi wa msafara, kijana wa miaka 23, akamfuata kumwokoa, naye akapinduka. Mteja alipona. Kijana alikufa. Na huyo ndiye aliyekuwa anajua.

Ndiyo maana kabla ya kuingia majini tulikaa karibu nusu saa nchi kavu. Jaketi la kujiokolea, kila mtu, na kiongozi akapita anavuta kamba za kila mmoja kama mama anayemfunga mtoto mgongoni. Ukipinduka fanya hivi, mwenzako akipinduka fanya hivi, usimkimbilie kichwa kichwa. Tukatoka asubuhi na mapema, kwa sababu mchana upepo wa kusini magharibi huamka na ziwa linabadilika.

Na siku hiyo uliamka mapema. Tulikuwa tumeshaziona chemchemi na mpango ulikuwa kuendelea mbele kidogo. Kiongozi, binti mdogo tu, angeweza kuwa mpwa wangu, akaangalia maji kule mbali yalikoanza kuwa meusi. Akasema tunarudi. Mzee mmoja katika kundi letu akapandisha: amelipa safari nzima, jua linawaka, mawimbi yako wapi? Binti hakubishana. Akasema kwa upole, "Hapana, tunarudi sasa," akageuza kayaki. Tukageuka wote, na mzee naye akageuka akinung'unika. Tulipofika gatini mawimbi yalikuwa yanapiga mpaka juu. Mzee hakusema tena kitu.

Hiyo "hapana" ndiyo niliyoilipia, Mjomba.

Msinielewe vibaya. Sisemi wazungu wanajua maji na sisi hatujui. Nyumbani kuna wazee wanaotazama wingu lilipokaa upande wa Ukara wakakuambia saa ya upepo, bila simu wala redio. Ujuzi tunao, kuliko hata yule binti. Tunachokosa ni mtu mwenye ujuzi kupewa ruhusa ya kukataa. Fikirini. Yule binti akisema hapana, mshahara wake uko pale pale. Kampuni iko nyuma yake, na mteja ameweka saini kwamba hali ya hewa ikikataa, imekataa. Nahodha wetu akisema hapana, nani anamlipa? Boti si yake, injini si yake, jioni tajiri anataka hesabu. Abiria nao wanamzomea kwamba ni mwoga, wanahamia boti ya jirani. Kwa hiyo anawasha injini huku moyo wake umeshamwambia asiwashe. Tukimlaumu yeye peke yake tunamwonea.

Na gharama yake tunaijua. 21 Mei 1996, MV Bukoba, mamia ya watu. 20 Septemba 2018, MV Nyerere, kutoka Bugolora kwenda Ukara, mahali ambapo nyinyi mnaosoma hapa mmeshapita mara ngapi. Kivuko cha kubeba watu 101. Waliokufa peke yao ni 228. Sihitaji kuwaeleza, kuna nyumba kwetu ambazo mpaka leo jina la siku ile halitajwi. Yule siku ile hakuwa na upepo wa kutisha. Alikuwa na watu na mizigo kupita kiasi, na hapakuwa na mtu aliyesema hapana ikasikika.

Najua atakuja mtu kuniambia, wewe uko Marekani, umeshiba, rahisi kusema. Mvuvi asipotoka watoto wanalala njaa. Ni kweli, na mimi ni mtoto wa nyumba hiyo. Lakini ndiyo hoja yangu yenyewe. "Hapana" ina bei, na kwa sasa tunamwachia ailipe yule mwenye uwezo mdogo kuliko wote. Kama abiria, tajiri na serikali hawako tayari kuchangia bei hiyo, basi tutaendelea kuilipa kwa njia nyingine.

Sasa Mjomba, kwa heshima zote, nakuomba kama mtoto wako. Boti ni yako, na kijana anayeiendesha unamwamini, ndiyo maana ulimpa. Siku akikuambia leo ziwa limekataa, mlipe posho yake ya siku, na usimwulize mara mbili. Posho hiyo nitaitoa mimi. Nimeshamwambia Binamu aihesabu kwenye hela ninazotuma kila mwezi, iwe fungu lake. Na majaketi: yaliyomo kwenye boti ni manne, nimehesabu kwenye picha uliyonitumia Idi. Watoto wa dada wanaovuka kwenda shule ni watatu, nahodha mmoja, tayari yamekwisha, na abiria wengine je? Hela ya majaketi kumi inakuja wiki ijayo. Yasiwekwe stoo yakaliwa na panya. Yavaliwe.

Wengine mliobaki, ambao hamna boti: siku boti imejaa, au nahodha anasitasita, msimzomee. Shukeni. Wawili watatu wakishuka, wengine watafikiri.

Binamu, hela hazijanizidi. Nimezipanga tu. Tuko pamoja, msalimieni Bibi, mwambieni tai wa huku naye anaiba samaki.